Ngazi Chini ya Zulia

Wiki ile mvua ilinyesha Houston bila kupumzika, na Jumamosi mchana fundi wetu akazama ndani ya kanisa. Sisemi kwa mafumbo. Alikanyaga zulia la chumba cha watoto, ubao uliokuwa chini yake ukapasuka, na mtu mzima mwenye mwili wake akashuka mpaka kifuani katika maji meusi ambayo hakuna hata mmoja wetu aliyejua kuwa yapo.

Nilikuwa nimesimama mlangoni na ndoo ya kudekia. Nilichokiona ni mikono yake miwili imeng'ang'ania zulia, na uso wake ukinitazama kana kwamba mimi ndiye niliyemsukuma. Hakupiga kelele. Alisema polepole, kwa Kiswahili chake cha Uvira kule Kongo, "Mama nesi, huku chini iko ngazi."

"Ngazi gani?"

"Ngazi. Miguu yangu iko juu ya ngazi."

Tulimvuta watu kadhaa, akatoka akichuruzika. Kisha wanaume wakakata zulia kwa kisu, wakang'oa plaiwudi iliyooza, na mtu akawasha tochi ya simu. Kweli, palikuwa na ngazi. Zilikuwa za vigae vya samawati, nyembamba, zikishuka moja baada ya nyingine hadi zikamezwa na maji. Kuta nne za vigae hivyohivyo. Katika ukuta mmoja kulikuwa na tundu la mviringo, kiasi cha kupitisha ngumi, na kutoka humo maji yalikuwa bado yanaingia, taratibu, kana kwamba kuna mtu upande wa pili anamimina.

Mama mmoja Mrundi aliyekuwa nyuma yangu alinong'ona, "Humu walikuwa wanaua watu." Nilitaka kumcheka, lakini ngozi ya mikono yangu ilikuwa imesisimka.

Kanisa letu ni dogo na ni la mchanganyiko. Wengi ni Warundi waliokulia kambini Kigoma, wapo Wakongo, na sisi Watanzania ni wachache. Miaka mingi tulisali katika ukumbi wa kupanga nyuma ya duka la matairi, si mbali na Sharpstown ninakoishi. Kisha tukalipata jengo hili la matofali. Kabla yetu lilikuwa shule ya dansi. Kabla ya shule ya dansi, tulisikia tu, lilikuwa nyumba ya sala ya watu wengine. Watu gani, hatukuuliza. Tulipaka rangi, tukapanga viti, tukafunga spika. Fundi, ambaye siku za kazi yuko ghalani na Jumamosi anatengeneza kila kinachovunjika kanisani, alipanda juu ya paa akazibua mifereji iliyojaa majani. Mwezi uliofuata mvua ikaja, na chumba cha watoto kikaanza kunuka uvundo.

Mchungaji alifika akiwa na sare ya kazini kwake, hotelini. Alitazama chini kwa muda mrefu. Yeye ni Mrundi mrefu asiyeshtuka ovyo. Amezika watu wengi kambini. Lakini nilimwona akirudi nyuma hatua moja, akashika fremu ya mlango.

"Hakuna mtoto kuingia humu," alisema. "Hakuna mtu kuingia humu. Fungeni."

Nilipiga picha kabla mlango haujafungwa.

Sasa lazima niseme habari za mgonjwa wangu. Mimi ni nesi katika kituo cha kusafisha damu ya watu ambao figo zao zimechoka. Mgonjwa anaketi kwenye kiti kikubwa, damu inatoka mkononi kwa sindano moja, inapita kwenye mashine, inarudi kwa sindano nyingine. Inachukua saa nyingi, na watu huzungumza. Mgonjwa wangu huyu alikuwa mwanamke mzee, mwembamba, Myahudi wa hapahapa Texas, aliyetumia maisha yake kuchimbua masinagogi na makanisa ya kale huko Galilaya na katika jangwa lililo kusini. Nilimwita Bibi, nikamweleza maana yake, akakubali.

Bibi ndiye aliyenifundisha kwamba Galilaya inachimbwa kwa mwiko wa mwashi na kupanguswa kwa brashi. Kwangu Galilaya ilikuwa mahali pa kusomwa Jumapili. Yeye alikuwa amelala humo kwenye hema na kuugua tumbo. Mara moja alinionyesha picha ya sakafu ya sinagogi, nakshi ya vijiwe vidogo vya rangi, na katikati yake jua lenye uso wa mtu likiendesha gari la farasi, limezungukwa na nyota za miezi yote. Nilimwambia amekosea picha. Nilifundishwa tangu utotoni kwamba Wayahudi hawakuchora hata mjusi katika nyumba ya Mungu.

"Mimi pia nilifundishwa hivyo," alisema. "Halafu siku moja nilifuta vumbi, na farasi akanitazama."

Kwa hiyo Jumatatu, nilipokwisha kumwunganisha na mashine, nilimwonyesha picha ya shimo letu. Nilidhani atapenda. Mkono wake ulitikisika, sindano ikasogea, na mashine ikaanza kulia. Nilinyamazisha mlio, nikamshika mkono utulie. Alikuwa hatazami mashine wala mkono. Alikuwa ameikodolea macho simu.

"Hii ni wapi?"

"Kanisani kwetu. Chumba cha watoto. Wengine wanasema ni kaburi."

"Nesi, hilo si kaburi," alisema. "Hilo ni birika la kujitakasa. Jengo lenu lilikuwa sinagogi."

Nilibaki na simu mkononi. Jirani yake kwenye kiti kingine aliomba blanketi na sikumsikia mpaka aliporudia.

Bibi alinieleza kwa sauti ya chini, kama mtu anayeeleza jambo la familia. Bibi harusi hushuka humo kabla ya ndoa. Mwanamke hushuka kila mwezi, siku zake zikishapita. Mtu anayeingia katika dini yao hushuka humo na kupanda akiwa Myahudi. Maji hayawezi kuwa ya bomba tu wala ya kubebwa kwa ndoo. Lazima yawepo maji yaliyoshuka yenyewe kutoka juu, na ndiyo maana ya lile tundu: nyuma ya ukuta kuna hodhi la mvua. Alisema amechimbua mabirika kama hayo mengi, kando ya masinagogi yaliyobaki mawe matupu. Baadhi yana kiukuta kidogo kinachogawa ngazi katikati, ushukie upande huu na kupandia ule.

"Nimeyapima yote," alisema. "Sijawahi kuliona lenye maji yake."

Kumshawishi Mchungaji haikuwa kazi rahisi. Mwishowe alikubali Bibi aje kuliona Jumapili baada ya ibada, watoto wakishaondoka. Nilimchukua nyumbani kwake kwa gari langu. Alikuja na fimbo ya kutembelea na mwiko wa zamani, ambao ncha yake ilikuwa imelika ikabaki fupi kama kidole. Tulikuwa watu wachache chumbani: Mchungaji, fundi, akina mama wawili watatu, na mimi. Bibi hakusalimia. Aliomba tumshushe sakafuni, akaketi ukingoni, miguu ikining'inia juu ya maji, nami nikamshika kwapani nikihofia mifupa yake.

Alikwangua saruji kwenye kona, akanusa. Akamwomba fundi amulike ndani ya tundu. Akafuata kwa macho bomba la zamani ukutani, lililopakwa rangi mara nyingi, mpaka darini.

"Nani alisafisha mifereji ya paa?"

Fundi aliinua mkono kama mwanafunzi.

"Basi ni wewe uliyelirudishia maji. Lilikuwa limekauka. Majani yalikuwa yameziba njia. Umezibua, na mvua ikapita palepale ilipopangiwa."

Nilitafsiri. Fundi alishusha mkono, akaufuta kwenye suruali, akauinua tena nusu, asijue aupeleke wapi. "Mimi nilikuwa nasafisha paa tu," alisema.

Mchungaji alikuwa amekunja mikono kifuani. Aliuliza, kwa adabu lakini kwa ukali wake, mambo haya yanatuhusu nini sisi. Sisi ni watu wa ubatizo, alisema. Ubatizo ulitoka kwa Yohana, mto Yordani.

Nilipomaliza kutafsiri Bibi alimtazama kwa mara ya kwanza. "Mchungaji," alisema, "Yohana alikuwa Myahudi. Alikuwa anafanya nini mtoni, unadhani? Aliibuni siku ile?"

Hakusema kwa dhihaka. Alikuwa anauliza kweli. Mchungaji alikunjua mikono yake. Nami, niliyefundisha shule ya Jumapili miaka mingi, nilijisikia kama mtu aliyeishi katika nyumba na kugundua leo kwamba ina chumba kingine. Hakuna alichosema Bibi ambacho hakimo katika Biblia zetu. Tulikuwa tumekisoma kwa sauti, tumekiimba, tusikione.

Akaendelea, sasa akizungumza na sote. Alisema makanisa ya kwanza kabisa hayakuwa makanisa, yalikuwa nyumba za watu zilizovunjwa ukuta mmoja ili chumba kiwe kikubwa. Kwamba katika makanisa ya jangwani alichimbua mabirika ya ubatizo yenye umbo la msalaba na ngazi pande mbili, na kila akizifikia zile ngazi mikono yake ilizijua, kwa sababu ilikwisha kuzichimba kwenye masinagogi. Kisha akatueleza kuhusu mji mmoja wa kale kando ya mto Frati. Katika mtaa uliokuwa ukipita chini ya ukuta wa mji kulikuwa na sinagogi lenye picha kuta zote, na hatua chache mtaani humohumo, nyumba ambamo Wakristo walikuwa wakisali, yenye birika dogo la ubatizo. Maadui walipokaribia, askari waliimarisha ukuta kwa kufukia nyumba zote za mtaa ule. Mji ukaanguka. Lakini zile nyumba mbili zilihifadhiwa na udongo uleule, picha zao na yote, hata zilipochimbuliwa rangi zilikuwa bado zinang'aa.

"Walikuwa wanapatana?" aliuliza mama mmoja. "Hao majirani?"

"Sijui," alisema Bibi. "Mawe hayasemi hilo. Najua tu kwamba walinunua mboga soko moja."

Baada ya pale kanisa liligawanyika. Wapo waliosema Mungu ametupa birika, tubatize humo. Tangu meneja wa apatimenti alipotukataza kutumia bwawa la kuogelea, watu wetu waliotaka kubatizwa walikuwa wakisubiri. Wapo waliosema ni la watu wengine na lina roho za watu wengine. Mama Mrundi aliyesema habari za kuua alikataa kukaa ibadani upande ule. Na wapo waliouliza swali dogo ambalo ndilo lilikuwa zito: mtoto akizama je? Mchungaji alisikiliza wote, halafu akasema litajazwa zege Jumamosi.

Nilishtuka kuliko siku ya kwanza. Sikujua kwamba nilikuwa nimeanza kulipenda. Nilimwambia Bibi nikidhani atakasirika, lakini alitikisa kichwa tu.

"Watu wanalitumia jengo hilo," alisema. "Mimi maisha yangu yote nimefukia nilichokichimba. Huwezi kuacha shimo wazi, jua na mvua vitaliua. Waombe jambo moja. Isiwe zege. Iwe mchanga safi. Zege ni kuua, mchanga ni kulaza."

Nilipeleka ujumbe. Mchungaji hakujibu.

Jumamosi fundi alikuwa amevuta maji yote kwa pampu. Mifuko ya saruji ilikuwa imepangwa nje chini ya turubai. Mchungaji alisema atashuka mwenyewe kufagia tope lililobaki, kwa sababu hakutaka kumtuma mtu mahali ambapo yeye anaogopa. Alisema hivyohivyo, kwamba anaogopa. Alivua viatu na soksi, akakunja suruali, akashika ufagio, akashuka.

Alifika ngazi ya pili akasimama. Akarudisha mguu juu. Akaushusha tena, taratibu, akipapasa kwa unyayo.

"Kuna nini, Mchungaji?" fundi aliuliza.

"Zimelika," alisema.

"Nini?"

"Ngazi zimelika hapa katikati. Njoo uone. Hapana, huwezi kuona. Vua viatu."

Fundi alivua. Mimi nilivua. Ilikuwa kweli: jicho halikuona kitu, lakini unyayo uliona. Katikati ya kila ngazi vigae vilikuwa vimebonyea kidogo, laini, mahali ambapo miguu ya wanawake wasiojulikana ilikuwa imeshuka na kupanda, mwezi baada ya mwezi. Nilisimama pale na vidole vyangu vikakaa ndani ya kibonyeo kile bila kutafuta. Nilitaka kutoka na sikutoka.

Mchungaji alikuwa chini kabisa sasa, ametugeuzia mgongo, hafagii. Alikaa hivyo. Alipogeuka, sura yake ilikuwa imenyauka kama ya mtu aliyepokea simu mbaya.

"Kumbe walikuwa wakisali," alisema.

Tulikuwa tumelisikia hilo kutoka kwa Bibi tangu Jumapili ile, nami nilikuwa nimelitafsiri neno kwa neno.

Alifagia, akapanda, akavaa viatu, na akamwambia fundi arudishe saruji dukani. Mchana lori la mchanga lilikuja. Wanaume na wanawake walibeba kwa toroli na ndoo, na yule mama wa Kirundi alikuwa wa kwanza kumwaga. Fundi alitandaza mbao mpya juu, imara, na zulia jipya. Lile bomba la paa aliligeuza limwage maji nje bustanini.

Jumatatu nilimweleza Bibi yote huku nikimwunganisha. Alitaka kujua ngazi zimelika kwa namna gani, zaidi katikati au kulia. Nilimwambia katikati. Alifumba macho kwa furaha. Kisha akaniambia, bila kubadilisha sauti, kwamba hiyo ndiyo wiki yake ya mwisho ya mashine. Mwanawe anakuja kumchukua, watakwenda Dallas, na huko hatasafishwa tena.

Nimefanya kazi hii muda mrefu. Wagonjwa huamua kuacha mashine na kufia nyumbani, ni haki yao, nasi hufundishwa namna ya kupokea habari hiyo. Yote niliyofundishwa yalinitoka.

"Ni kwa sababu ya birika?" nilimwuliza, swali la kijinga.

"Hapana. Ni kwa sababu nimechoka. Nilikuwa nimeshaamua kabla ya mvua. Ulipokuja na ile picha, nikaona nisubiri kidogo."

Nilikwenda bafuni nikasimama mbele ya sinki na maji yakitiririka, mpaka mwenzangu alipogonga mlango.

Mwisho wa juma nilisafiri kwenda Dallas. Nililala Garland, mji wa jirani, kwa mdogo wangu anayefanya kazi kiwandani, na asubuhi nikaenda nyumbani kwa mwana wa Bibi. Bibi alikuwa amelazwa karibu na dirisha, amevimba miguu, akili yake bado kali. Nilimpaka mafuta mikononi, juu ya makovu ya sindano zangu. Aliniuliza kama watu wetu wanakanyaga pale. Nilimwambia watoto wanakanyaga, wakubwa wanapazunguka, ingawa hakuna alama.

"Na mimi nimewaita wanawake," alisema. "Nikifa watakuja kuniosha na kunimwagia maji, kama inavyofanywa kwetu. Siwajui."

"Bibi, uliniambia huamini."

"Siamini," alisema. Akapumzika kidogo. "Lakini maisha yangu yote nimekaa ukingoni na mwiko. Nimechoka kutazama."

Niliendelea kumpaka mafuta mpaka akalala.

Mwanawe alinipigia simu katikati ya wiki nikiwa kazini. Alisema imekwisha, bila maumivu, na kwamba wanawake walikuja asubuhi, wakamwomba atoke chumbani, wakafunga mlango. Alikaa nje akisikia maji yakimwagwa. Alisema hakujua kama mama yake alikuwa mtu wa mambo hayo, na akaniuliza kama mimi nilijua.

Nilimwambia kwamba nami nimejua juzi tu.

Nilirudisha simu mfukoni. Kwenye kiti cha Bibi alikuwa ameketi mzee mmoja mgeni, siku yake ya kwanza, mikono imekaza kwenye magoti, anaogopa sindano. Nilivaa glovu mpya, nikamwomba anyooshe mkono, nikaushika mpaka ukatulia.